Mwaka Nilipowapima Warembo Weusi

Muuguzi aliingia kwenye chumba changu cha ushonaji pale Mirongo Jumatatu asubuhi, akiwa amekumbatia majora mawili ya kitenge, akayatua juu ya meza ya kukatia hata kabla sijamwamkia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Fundi, unaweza kushona magauni kumi na mawili ndani ya wiki tatu?"

Nilimfahamu. Alikuwa akifanya kazi kwenye kliniki ya ngozi, mama wa miaka hamsini na kitu, mtu wa maneno machache, na mara mbili alishaniletea sare zake nizipunguze kiuno. Nguo nyingi za kitambaa kimoja kwa kawaida huwa za kwaya au za harusi. Nikamwuliza ni kwaya ya kanisa gani.

"Si kwaya. Ni shindano la urembo."

Nikacheka, nikidhani ananitania. Yeye hakucheka. Akavuta kigoda, akaketi, akanieleza kwamba kazini kwake hakupiti siku bila kumpokea mwanamke aliyeungua kwa mkorogo, yale mafuta yanayochanganywa na madawa ili kuchubua ngozi iwe nyeupe. Anawasafisha, anawapaka dawa, anawapa ushauri, wanaondoka, na baada ya miezi michache wanarudi wakiwa wameungua tena.

"Nimewaambia madhara mpaka nimechoka kujisikia mwenyewe," alisema. "Halafu siku moja nikajiuliza, hivi kuna mtu aliyewahi kuwaambia hawa kwamba ni wazuri? Madhara wanayajua kuliko mimi."

Kwa hiyo yeye na wenzake wa kikundi chao cha akina mama walikuwa wameamua kuandaa shindano lao. Akanipa fomu niisome. Mshiriki awe mwanamke mweusi mwenye umri wa miaka kumi na minane au zaidi. Urefu hawakuuliza, uzito hawakuuliza, aliyezaa alikaribishwa sawa na ambaye hajazaa. Hakuna wigi wala nywele za bandia, na hakuna kutembea mbele za watu na nguo za kuogelea. Mstari wa mwisho ulikuwa wa herufi kubwa: MSHIRIKI AWE HAJAWAHI KUTUMIA MKOROGO.

"Utajuaje?" nikamwuliza.

"Vifundo vya vidole." Akaninyooshea mkono wake. "Mkorogo unaweza kubadilisha uso, shingo, mpaka miguu. Vifundo vinakataa. Viwiko navyo vinakataa. Na nyuma ya masikio."

Mimi ni mtu wa kuulizauliza. Mama yangu alikuwa akisema nitakufa nikiwa katikati ya swali. Muuguzi alipoondoka nikajikuta sitazami kitu kingine isipokuwa vidole. Wiki nzima nilitazama vidole vya mama aliyekuja kuchukua blauzi yake, vya mwalimu aliyeleta sketi ibadilishwe zipu, vya dada anayefanya kazi benki hapo Nyamagana ambaye huwa hatoki bila kunisifia usafi wa chumba changu. Niliona nyuso za rangi ya chungwa na vidole vya rangi nyingine kabisa, kama mtu aliyeazima uso kwa jirani. Nilikuwa nimepima wanawake kwa miaka kumi na tisa na sikuwahi kuliona jambo hilo. Au labda nililiona nikalichukulia kuwa ndivyo watu walivyo.

Washiriki wakaanza kuja kupimwa, mmoja mmoja.

Ukitaka kujua mwanamke anajionaje, simama nyuma yake ukiwa na futi mkononi. Wengi huanza kuomba radhi kabla hujawagusa. Samahani fundi, nimenenepa. Samahani, sina makalio. Usishangae kifua, nimenyonyesha wanne. Hakuna aliyewauliza. Nilidhani hawa watakuwa tofauti, kwa kuwa hawa ndio waliojiandikisha kwenda kusimama mbele za watu kama warembo. Wa kwanza alikuwa msichana anayesomea ualimu, mweusi tii, mrefu, nywele amezinyoa karibu na ngozi. Nilipomzungushia futi mabegani akasema, "Samahani fundi, nina mabega kama ya mwanamume."

Wa pili, mama lishe kutoka Mkolani, aliniomba radhi kwa ajili ya tumbo lake. Wa tatu kwa ajili ya mikono. Alipofika wa nne nikaacha futi ining'inie shingoni kwangu, nikamwuliza, "Kwani nyie si ndio warembo wenyewe?"

Akacheka. "Ndiyo kwanza tunajifunza, fundi."

Wa mwisho alikuja Alhamisi mchana. Alikuwa mwanamke wa miaka kama thelathini na minane, ametoka Igombe, kwenye mwalo, pale mitumbwi inaposhusha samaki. Kazi yake ilikuwa kuanika dagaa. Alinisalimia kwa Kisukuma, "Mwangaluka," nami nikaitikia, tukacheka kwa sababu jua lilishafika utosini na ile ni salamu ya asubuhi. Alikuwa amevaa shati la kiume la mikono mirefu, limefungwa mpaka kifungo cha juu. Uso wake ulikuwa mweusi mzuri, wa kung'aa, wenye mashavu yaliyoinuka. Nilimpima kifua, kiuno, nyonga, na nikawa namsubiri aombe radhi. Hakuomba.

"Dada fundi," akasema, "langu naomba liwe na mikono mirefu. Na kola ya kupanda."

"Yote hayana mikono. Ndivyo muuguzi alivyochora."

Akatazama mlangoni. Kisha akavuta lile pazia ninalowavutia wateja wanaojaribisha nguo, akafungua vifungo vya shati.

Nimeona miili mingi kwa ajili ya kazi yangu, na nilijitahidi uso wangu usibadilike. Kuanzia chini ya shingo mpaka viwikoni ngozi yake ilikuwa mabaka: mengine mekundu, mengine ya rangi ya majivu, mengine meusi yanayoelekea bluu. Ilikuwa kama ukuta uliopakwa chokaa ukanyeshewa kabla haujakauka.

"Mkorogo," akasema, kabla sijauliza. "Miaka sita. Nimeacha, huu mwaka wa tatu. Uso umerudi. Huku bado."

"Hospitali hukwenda?"

"Niliogopa kugombezwa."

"Na ile fomu?"

"Fomu nimeandika sijawahi."

Nilipaswa labda kumwambia kwamba amekosea. Badala yake nikamwuliza swali lililokuwa likinisumbua tangu siku ile muuguzi alipotua majora yake mezani. Nilimwuliza alianzaje.

"Ilianza na kitambulisho," alisema. Akaketi juu ya kigoda, shati mapajani. "Nilikwenda kwenye ofisi moja kupiga picha ya kitambulisho. Picha ikatoka, sionekani. Macho na meno tu, dada. Kijana wa kwenye mashine akamwita mwenzake aje aone. Wakacheka. Na mimi nikacheka, maana kweli ilichekesha. Wakanipiga tena, ikawa vilevile. Ya tatu vilevile. Ya nne wakasogeza taa, ikawa afadhali. Nilipotoka pale sikwenda nyumbani. Nilikwenda moja kwa moja dukani."

Nilikumbuka maneno hayo kwa siku nyingi. Si kucheka kwa wale vijana, maana watu wa namna hiyo wapo kila mahali. Nilichokumbuka ni kwamba na yeye alicheka.

"Sasa kwa nini ukajiandikisha?"

"Nilikuwa naanika, redio ikasema wanamtafuta mwanamke mweusi. Mimi tangu nizaliwe sijasikia mtu anamtafuta mwanamke mweusi. Nikasema ngoja niende, wamwone mmoja."

Nilimshonea mikono mirefu na kola. Muuguzi alipokuja kukagua nguo akauliza mbona hili moja liko tofauti, nikamjibu kwamba mwenye nguo ni mtu wa stara. Haukuwa uongo kamili, lakini nilijua ninachofanya. Akaitikia kwa kichwa, akasema sawa, kitambaa kipo.

Zikiwa zimebaki siku nne, muuguzi akarudi. Mmoja wa majaji alikuwa amefiwa Geita na asingeweza kuwahi.

"Utakaa wewe," akaniambia.

"Mimi najua nini cha urembo?"

"Umewapima wote kumi na wawili. Nani anawajua kukuzidi?"

Hapo ndipo nilipopaswa kusema kwamba kweli nawajua, tena namjua mmoja kuliko inavyofaa jaji kumjua. Sikusema. Ningependa kuandika kwamba nilinyamaza kwa huruma, na huruma ilikuwepo, lakini kubwa zaidi ilikuwa hamu ya kuona. Nilitaka kuona wale wanawake kutoka mbele, wakiwa wamesimama, bila kuniomba radhi.

Shindano lilifanyika Jumamosi saa nane mchana, kwenye ukumbi wenye madirisha makubwa yanayotazama ziwa. Nilifika mapema nikamkuta mpiga picha anahangaika. Muuguzi alikuwa amempa sharti moja tu: picha zising'arishwe. Akasema hilo halina shida, lakini alipowapiga wale kina dada picha za majaribio, sura zikawa giza tupu na ukuta nyuma yao ukawaka. "Mashine inachagua yenyewe," alijitetea. Mwanafunzi wa ualimu akamwambia asogee, akageuza viti, akawapanga wenzake ubavuni mwa dirisha ambapo mwanga ulikuwa unaingia kutoka ziwani, akamwambia apige. Nilisogea nikatazama kwenye kile kioo kidogo cha kamera. Kila uso ulionekana, mpaka nyusi. Mpiga picha mwenyewe alikuwa ameduwaa. Alikuwa amefanya kazi ile miaka mingi, akasema, na hakuna aliyewahi kumwambia asogeze mtu dirishani; siku zote alikuwa anaambiwa amfanye mweupe.

Majaji tulikuwa watatu. Mmoja alikuwa mwalimu mstaafu, bibi mwenye miwani mizito, na mwingine mtangazaji wa redio, kijana mchangamfu ambaye pia ndiye aliyekuwa akiuliza maswali jukwaani. Tulipewa karatasi zenye safu za alama: mwendo, nywele, kujieleza na mwonekano.

"Mwonekano ndio nini?" nikamnong'oneza mwalimu.

"Na mimi najiuliza," akajibu.

Namba nimezizoea. Mimi hukaa na namba za miili ya watu kutwa nzima, zimejaa kwenye daftari langu. Lakini zile ni kwa ajili ya kitambaa, ili mkasi usikosee. Kumtazama mtu na kumwandikia saba, mwingine sita, nilishindwa. Nilianza na mwendo kwa sababu angalau mwendo niliuona.

Mwanzoni watu walicheka. Hawakucheka kwa ubaya, walicheka kama wanavyocheka wakimwona mama wa jirani amepanda jukwaani, na kweli mama lishe wa Mkolani alikuwa na wateja wake pale wakimwita kwa sauti wamwulize wali uko tayari saa ngapi. Kulikuwa na dada mwenye nywele zilizosukwa twende kilioni, mwingine mwenye nywele zake zimetimka kama wingu, mwingine amezikata kiduku. Walipomaliza kupita mmoja mmoja wakasimama wote kumi na wawili kwa mstari, na ukumbi ukatulia wenyewe, hakuna aliyeombwa kutulia.

Kilichonishangaza mimi pale kilikuwa kidogo, na huenda ni cha kifundi tu. Maisha yangu yote nilikuwa nimesikia watu wakisema "mweusi" kana kwamba ni rangi moja. Wale wanawake waliposimama pamoja, hakuna wawili waliofanana. Mmoja alikuwa na weusi wa ganda la bilinganya. Mmoja mwekundu kwa ndani, kama udongo uliolowa. Mmoja rangi ya mtama uliokaangwa. Ningeambiwa niwatafutie nyuzi zinazolingana na ngozi zao ningehitaji rili kumi na mbili, na bado ningerudi dukani kuongeza.

Kisha yakaja maswali. Kila mshiriki alisogea mbele na mtangazaji akamwuliza swali lilelile: "Ukipewa nafasi ya kubadilisha kitu kimoja mwilini mwako, utabadilisha nini?"

Mwanafunzi wa ualimu alisema ataongeza macho kisogoni, awaone wanaomsema akishapita. Ukumbi ukaangua kicheko. Mama lishe akasema atabadilisha miguu, si kwa uzuri, bali kwa sababu inamuuma. Wengine walisema hawatabadilisha kitu, kama walivyofundishwa.

Akaja mwanamke wa Igombe, na gauni lake la mikono mirefu.

"Ungebadilisha nini?" mtangazaji akamwuliza.

"Nilishabadilisha."

"Samahani?"

"Nilishabadilisha, ndugu yangu. Subiri nikuoneshe."

Akakunja mikono ya gauni, mmoja halafu mwingine, taratibu, vile mtu anavyokunja nguo akitaka kuingia majini. Akafungua kola. Mtangazaji akashusha kipaza sauti bila kujua anakishusha, na yule mama akakifuata kule kilikokwenda, akainama kidogo, akasema: "Kwenye fomu niliandika sijawahi. Niliwadanganya. Nilibadilisha kwa miaka sita, sasa naisubiri ngozi yangu irudi. Ndilo jibu langu."

Akarudi kwenye mstari. Nyuma kabisa mtu mmoja alicheka, akakatishwa. Mwanamke mmoja akasema, "Yesu wangu." Hakuna aliyepiga makofi. Nilimtafuta muuguzi kwa macho, nikamwona amesimama kando ya mlango, mikono kifuani, hatikisiki.

Tuliingia kwenye chumba cha pembeni kujumlisha alama. Mtangazaji hakukaa hata kwenye kiti.

"Mshindi tunaye," alisema. "Mnataka nini kingine? Kesho mji mzima utamzungumza huyu."

Mwalimu akavua miwani. "Tunampa kwa sababu ni mzuri, au kwa sababu tumemwonea huruma?"

"Kwa sababu ni jasiri."

"Ujasiri hauna safu humu." Akagonga karatasi kwa kidole.

Nikaona nikinyamaza tena nitakuwa nimenyamaza mara ya tatu. Nikawaambia kwamba mimi nilijua tangu siku ya kupima, na kwamba ile mikono mirefu niliishona nikijua inaficha nini. Mwalimu akavaa tena miwani yake, akanitazama.

"Kwa hiyo mlidanganya wawili," alisema.

"Ndiyo, mwalimu."

Muuguzi akaitwa. Alisikiliza upande wa kila mmoja, akiwa amesimama. Kisha akasema sharti aliliandika yeye, na kwa sharti hilo yule mama ametoka.

Nikapandwa na hasira. "Mama, si uliniambia unawaandalia hawahawa? Waliochubuka? Umempata mmoja, unamtoa?"

Alivuta kiti, akashika egemeo lake, lakini hakukikalia. "Niliwakataa wanawake saba kwa sababu ya mstari ule," alisema. "Walikuja na fomu mkononi wakaniambia ukweli, tulitumia, tumeacha. Nikawaambia haiwezekani. Mmoja alilia palepale kaunta. Huyu nikimpa taji kwa sababu alidanganya halafu akasema ukweli, wale saba walioanza na ukweli nitawaambia nini?"

Mimi nilikuwa sijui kabisa habari za wale saba.

"Nitakwenda kumwambia mwenyewe," muuguzi akasema, akatoka.

Mlango ulibaki wazi nusu, nikawaona. Yule mama alikuwa amekaa kwenye benchi la korido chini ya dirisha. Muuguzi hakuanza kwa kusema. Alimshika kifundo cha mkono, akaugeuza mkono kwenye mwanga, akaukagua juu na chini kama alivyozoea kufanya kazini, akabonyeza hapa na pale kwa kidole gumba, akauliza kitu, akajibiwa. Ndipo akaketi na kuzungumza naye. Yule mama akaitikia kwa kichwa mara kadhaa. Mwishoni walikuwa wanazungumza kama watu wawili kwenye foleni ya zahanati, mmoja ana dawa ya kupendekeza.

Mshindi alikuwa mwanafunzi wa ualimu, na sikuwa na kinyongo naye, alistahili. Mama yake alipiga vigelegele mpaka sauti ikakauka. Walipomvisha utepe, mwanamke wa Igombe alipiga makofi kuliko wote, mikono ya gauni lake ikiwa bado imekunjwa mpaka viwikoni.

Kulikuwa na pilau baada ya hapo, na ndipo nilipoona jambo ambalo muuguzi naye aliliona. Watu waliomsogelea mshindi walikuwa wengi, walitaka picha. Lakini pembeni, karibu na meza ya maji, wanawake walikuwa wamejikusanya kumzunguka mwanika dagaa, wengine wakiwa wameshika sahani, nao hawakutaka picha. Walikuwa wanauliza maswali kwa sauti za chini. Nikajipenyeza.

"Ulipoacha, ulirudi mweusi kuliko mwanzo? Wanasema unakuwa kama sufuria."

"Uongo. Nilirudi nilivyokuwa, ila kwa zamu. Uso kwanza."

"Kuwasha je?"

"Miezi minne. Usiku usiombe. Baadaye kukaisha."

"Mumeo alisemaje?"

"Alisema afadhali, ile harufu imekwisha."

Wakacheka, kicheko cha watu wanaoijua ile harufu. Mmoja wa waliocheka alikuwa yule dada wa benki. Aliponiona akaficha vidole vyake chini ya sahani, halafu sijui aliwaza nini, akavitoa tena, akaendelea kula.

Muuguzi na mimi hatukuzungumza kwa karibu mwezi mzima. Nilikuwa na hasira naye, na hasira hiyo ilikuwa rahisi kuibeba kuliko lile swali lake kuhusu wale saba. Kisha siku moja akaja na sketi ya sare, nikampunguzia kiuno kama kawaida, na wakati anasubiri akatoa fomu mpya ya mwaka unaofuata. Mstari wa mwisho ulikuwa umeandikwa upya: MSHIRIKI AWE HATUMII MKOROGO. Aliniambia ameshawafuata wale saba kwao mmoja mmoja. Wawili walikataa hata kumfungulia mlango. Mmoja alikuwa amerudia mkorogo. Wengine walichukua fomu.

"Nilikosea wapi?" aliniuliza. Ilikuwa mara ya kwanza kwake kuniuliza mimi kitu. "Kwenye kuandika, au kwenye kumtoa?"

Nilimwambia nadhani kwenye kuandika. Akasema na yeye anadhani hivyo, ila siku nyingine anadhani vingine.

Baadaye kidogo nikaenda Igombe. Sikuwa na shughuli huko. Nilitaka tu kuona mtu mwenye ngozi ile anawezaje kufanya kazi juani kutwa. Nilimkuta mwaloni, dagaa wametandazwa juu ya neti ufukwe mzima, rangi ya fedha tupu, inaumiza macho. Alikuwa amevaa kofia pana na shati lake lilelile la kiume, akanieleza kabla sijauliza kwamba lile sasa ni la jua, muuguzi ndiye aliyemwambia. Kila mwezi alikuwa anakwenda kliniki. Hakugombezwa hata siku moja, alisema, na alisema hivyo kama mtu ambaye bado anasubiri kugombezwa.

Nilimwuliza mengi. Dagaa wanakauka kwa muda gani. Mvua ikinyesha wanafanyaje. Kama alijua tangu mwanzo kwamba atasema jukwaani. (Hapana. Alikuwa na jibu lingine kabisa, la kwamba angebadilisha magoti.) Nilimwuliza kama alijuta.

"Dada," akasema, "wewe unauliza kila mtu. Hakuna anayekuuliza wewe?"

"Uniulize nini?"

"Wewe ulishawahi?"

Ni ajabu kwamba swali hilo lilikuwa halijanijia kwa uwazi, mimi mwenye maswali. Nilikuwa nimekaa kwenye kiti cha jaji, nimetazama vidole vya mji mzima, na nilikuwa nimelizunguka kama mtu anavyozunguka dimbwi. Nikamwambia. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, dada yangu anaolewa, na mimi nilikuwa msimamizi wake. Nilinunua kopo dogo, nikajipaka uso na shingo kwa wiki tatu. Kwenye picha za harusi ile nimetoka kama mtu aliyejipaka unga. Sikuwahi kumwambia mtu.

"Ukaacha kwa nini?"

"Liliisha."

"Liliisha tu?"

"Nilirudi dukani, wakasema hawana. Nikasahau."

Alicheka mpaka akakaa chini mchangani, kofia ikamtoka. Nami nikacheka, nikakaa kando yake. Alipopata pumzi akaniuliza, "Na dukani wangekuwa nalo?"

Nililifikiria swali hilo kwa uaminifu, kwa sababu aliliuliza kwa uaminifu. Nilijaribu kumwona yule msichana wa miaka kumi na tisa akirudi nyumbani na kopo la pili, halafu la tatu.

"Sijui," nikamwambia.

"Basi na mimi sijui," akasema. Akainuka, akapukuta mchanga kwenye sketi, akanielekeza nishike ncha ya neti upande wa pili ili tuwageuze dagaa wa mstari ule kabla jua halijasogea.